Jasho Shambani kwa Mwani

Mama wa Paje au Jambiani anapoinama kwenye shamba la mwani wakati wa bamvua, misuli yake huunguza sukari iliyowekwa akiba humo na, kazi ikirefuka, mafuta ya mwilini. Robo tu hivi ya nguvu hiyo hufanya kazi. Iliyobaki hugeuka joto. Jasho likikauka juu ya ngozi huliondoa joto hilo. Lakini miezi ya kaskazi hewa ya Unguja ina unyevu mwingi: jasho hudondoka bila kukauka, na mwili huzidi kupata moto.

Akina mama, kuleni muhogo au viazi kabla ya kutoka. Chukueni maji safi, wala msingoje kiu. Mwenzenu akilegea na kuanza kuropoka, mpelekeni kivulini, mmwagieni maji, mpepeeni, kisha mwahisheni hospitali.