Je, Wajua? Mkonge, Mgeni Aliyekuta Majina Yakimngoja

Je, wajua kwamba neno "katani" ni la zamani kuliko mmea unaotupa katani leo? Waswahili walilipata kwa Waarabu, ambao kwao kattan ni nyuzi za kitani. Na "kitani" chenyewe, kile kitambaa cha mashuka mazuri, ni ndugu wa tumbo moja na katani. Zamani katani ilikuwa nyuzi yoyote imara ya kusokotea uzi au kamba. "Mkonge" nao ulikuwa na mwenyewe. Ni mmea wa porini wa jamii ya sansevieria, wenye majani marefu magumu, ambao watu wa pwani waliuponda wakapata nyuzi za kamba. Mgeni mwenye asili ya Mexico alipotua mwaka 1893 akayarithi majina yote mawili. Ndiyo maana ukifika Tanga utasikia kwamba shambani kuna mkonge, ila ukishachakatwa na kukaushwa, kinachofungwa kwenye marobota ni katani.

Wapo wanaouchanganya na mmea wa bangi, kwa kuwa nao una aina inayolimwa kwa ajili ya nyuzi, na nyuzi hizo pia huitwa katani. Hawana undugu. Nyuzi za bangi hutoka kwenye ganda la shina. Za mkonge zimejificha ndani ya jani. Mkonge ni agavu, na jamaa yake wa karibu ni ile agavu inayotengenezewa tekila.

Je, wajua kwamba mashamba ya mkonge ya Tanganyika yalianzia kwenye miche 62? Kisa chenyewe kinastahili kusimuliwa taratibu. Katika rasi ya Yucatan huko Mexico, nyuzi za agavu zilikuwa utajiri mkubwa, na nyingi zilisafirishwa kupitia bandari ndogo iitwayo Sisal. Jina la bandari likaushika mmea, na hadi leo Wazungu huuita mkonge "sisal". Mexico haikutaka mbegu ya utajiri wake itoke nje. Lakini miaka ya 1830 Henry Perrine, aliyekuwa konseli wa Marekani mjini Campeche, alikuwa ameshaupeleka mmea huo Florida, ukaota na kusambaa wenyewe.

Zaidi ya nusu karne baadaye, Dk. Richard Hindorf, mtaalamu wa kilimo wa Kampuni ya Kijerumani ya Afrika Mashariki, alikuwa akitafuta zao la kustahimili ukame wa pwani yetu. Akaagiza miche 1,000 kutoka Florida. Ilisafiri kwa meli hadi Hamburg, Ujerumani, kisha ikaanza safari ya pili kuja Tanga. Mingi ilikauka na kuoza njiani. Iliyofika hai ilikuwa 62, ikapandwa Kikogwe, karibu na Pangani. Miaka 20 tu baadaye koloni hilo la Wajerumani lilikuwa likiuza nje zaidi ya tani 20,000 za katani kwa mwaka. Kila ninapopita barabara ya Segera kwenda Tanga na kuona mistari ya mkonge ikikimbia hadi upeo wa macho, najikuta nikiifikiria miche ile michache iliyonyauka sandukuni, ikakataa kufa.

Siri ya ugumu wake ni kwamba mkonge hupumua usiku. Mimea mingi hufungua vinyweleo vya majani mchana ili kuvuta hewa ukaa, na papo hapo hupoteza maji kwa jua. Mkonge hufunga milango jua likiwa kali, hufungua giza likiingia, huihifadhi hewa hiyo ndani ya jani, na kuitumia kesho yake mwanga ukitoka. Ni mvumilivu kweli. Hukaa miaka miwili mitatu kabla ya kukatwa kwa mara ya kwanza, kisha hukatwa mwaka hadi mwaka, na katika maisha yake hutoa majani 200 hivi.

Halafu siku moja, kwa kawaida baada ya miaka saba na kuendelea, mhimili unachomoza katikati ya majani na kupanda kwa kasi hadi kuzidi kimo cha nyumba. Hutoa maua mara moja tu maishani. Maua yakidondoka, badala ya mbegu vinaota vikonyo, yaani miche midogo iliyokamilika yenye majani yake, mamia kwa mamia, imening'inia hewani. Mama anakauka akiwa bado amesimama, watoto wanadondoka miguuni pake. Wakulima huviokota vikonyo hivyo na kuvilea kitaluni, au hung'oa maotea yanayochipua kando ya shina.

Sasa tuingie ndani ya jani. Lina singa, yaani nyuzi ndefu, zipatazo 1,000, zimepangana kwa urefu kutoka shina hadi ncha. Lakini ukilipima jani bichi, singa hizo ni kama asilimia 4 tu ya uzito wake. Mengine yote ni maji na nyama ya kijani.

Niliwahi kusimama kando ya korona, mashine ya kuchakata, katika shamba moja wilayani Muheza. Kinachokupokea kwanza ni harufu, kali na chachu, inayokung'ang'ania nguo hadi nyumbani. Majani yaliletwa yakiwa yamefungwa vichavicha vya majani thelathini, miiba ya ncha ikiwa imeshakatwa. Yanatakiwa yachakatwe mapema, maana yakilala na kuanza kukauka, utomvu hugandia singa na katani haisafiki. Mashine inalishika jani, visu butu vinavyozunguka vinaliponda upande mmoja kisha wa pili, maji yanamwagwa bila kukoma. Kinachotoka ng'ambo ni shungi la nyuzi zenye rangi ya kijani hafifu, limelowa, laini kuliko nilivyodhani. Wafanyakazi wanalichukua na kulitandaza juu ya waya uwanjani, na jua la siku moja linaligeuza kuwa jeupe lenye umanjano wa maziwa ya kuchemka. Chini ya mashine, mfereji mpana ulibeba ile asilimia 96 iliyobaki.

Mfereji huo kwa miaka mingi uliishia mabondeni na mitoni, na uliichafua mito. Hilo linaniuma, kwa sababu kilichokuwa kikimwagwa kilikuwa mali. Miaka ya 1950 wanasayansi wa Uingereza waligundua kwamba maji ya mkonge yana hekojenini, kemikali inayoweza kutengenezewa kotisoni, dawa ya uvimbe na baridi yabisi. Mwaka 2007 huko Hale, wilayani Korogwe, ulijengwa mtambo wa kuchachusha mabaki ya mkonge ili yatoe gesi ya kuzalisha umeme. Ng'ombe nao hulishwa mabaki hayo, na yaliyooza vizuri ni mbolea ya kurudishia shambani.

Je, wajua asili ya neno "manamba"? Mashamba ya mkonge yalihitaji mikono mingi kuliko iliyokuwepo Tanga, hivyo vibarua waliletwa kwa mkataba kutoka mbali: Waha wa Kigoma, Wangoni wa Songea, Wamakonde, Warundi na wengineo. Kila mmoja alipewa namba, na akaitwa kwa namba hiyo kuliko jina alilopewa na wazazi. Alipewa pia kipande, kadi ya siku 30 za kazi. Siku ambayo kazi haikukamilika haikuwekwa alama, na mshahara ulingoja hadi kadi ijae. Vitukuu wao wengi wako Tanga na Morogoro leo, lugha ya nyumbani ni Kiswahili, na kijiji cha babu wanakijua kwa jina tu.

Jasho hilo liliifikisha Tanganyika kileleni. Vita vya Pili vya Dunia viliongeza hamu: Wajapani walipoiteka Ufilipino mwaka 1942, manila, ile kamba maarufu ya meli, ilikatika kwa upande wa Uingereza na Marekani, wakaugeukia mkonge wetu. Kufikia katikati ya miaka ya 1960 nchi ilitoa zaidi ya tani 200,000 kwa mwaka, ya kwanza duniani. Kisha zikaja kamba za plastiki, bei ikaanguka, mashamba mengi yakataifishwa mwaka 1967, na mwishoni mwa miaka ya 1990 uzalishaji ulikuwa karibu tani 20,000. Leo Brazil ndiyo inayoongoza. Hata hivyo, kuna kitu cha Tanga kilichoenda mbali zaidi ya marobota: mbegu chotara namba 11648, iliyozalishwa katika kituo cha utafiti cha Mlingano, hutoa majani zaidi ya mara mbili ya mkonge wa kawaida, na ndiyo iliyotawala mashamba ya mkonge ya China.

Kenya nayo ina fahari yake. Tazama nembo ya taifa kwenye jalada la pasipoti ya Kenya: chini ya ngao, kwenye miteremko ya mlima, pamoja na kahawa, chai, pareto, mahindi na mananasi, mkonge umo. Na kwenye baa za Uingereza, ubao mzuri wa kuchezea vishale hutengenezwa kwa katani, nyingi yake ikitoka Kenya. Nyuzi hukatwa fupi na kushindiliwa zikiwa zimesimama, ncha zikitazama mbele. Kishale kinapita katikati ya nyuzi bila kuzikata. Kikichomolewa, zinajifunga na tundu linatoweka.

Kiondo, kile kikapu cha Wakamba na Wakikuyu, nacho kinategemea uimara wa nyuzi hizohizo. Mama hukaa, akaweka nyuzi chache juu ya paja lililo wazi, akazisukuma kwa kiganja mbele na nyuma hadi zinajisokota kuwa uzi mmoja, kisha anaongeza nyuzi nyingine kabla ya ule mkia kuisha, ili kiungo kisionekane. Kabla kiondo hakijaanza kufumwa, uzi huo umeshapita pajani mara elfu kadhaa, na wasusi wa siku nyingi wana alama yake: kipande cha ngozi juu ya goti kilicholainika na kung'aa kuliko mwili wote.