Mchezo wa Zamani, Wapinzani wa Kompyuta: Unalipia Nini?

Michezo mingi ya kompyuta ya kupigana kwa bunduki iliyotoka zamani ilitengenezwa ili watu washindane kupitia mtandao. Counter-Strike 1.6, ya mwaka 2003, ni mfano unaojulikana zaidi: ukiufungua peke yako, huna wa kupambana naye. Kwa mkazi wa Nyamisangura mwenye kompyuta iliyotumika na bando la kuhesabu, huo ni uwanja usio na timu. Isitoshe, seva nazo hufa. Mwaka 2014 huduma ya GameSpy, iliyowaunganisha wachezaji wa michezo mingi, ilifungwa, na walionunua nakala zao kwa fedha halali wakabaki na nusu ya bidhaa.

Pengo hilo limezibwa na mashabiki. Mwaka 1996 Steven Polge alitengeneza Reaper Bot, nyongeza iliyoupa mchezo wa Quake wapinzani wanaoendeshwa na kompyuta yenyewe. Baadaye kampuni ya Epic ilimwajiri afanye kazi hiyo katika mchezo wa Unreal. Counter-Strike nao ulipata POD-Bot, na kutokana nayo ikazaliwa YaPB. Wapinzani hao huitwa boti. Msomaji asidhani tunazungumzia vyombo vya ziwani.

Boti haioni kama mtu. Hufuata alama za njia zilizowekwa juu ya ramani ya mchezo: pa kupita, pa kujificha, pa kuvizia. Alama zikikosekana, huenda ikasimama tu au ikahangaika ukutani. Kwa hiyo muuzaji akisema mchezo “una boti”, muulize ni kwa ramani zipi na kwa toleo gani.

Sasa tuje kwenye fedha. YaPB hutolewa bure na watengenezaji wake. Fundi anaweza kukutoza kwa muda wake wa kuipakua na kuiweka, nasi hatuoni ubaya, mradi aseme wazi kuwa ni malipo ya kazi. Akikuuzia kama “mchezo mpya usiohitaji intaneti”, anakupotosha, na Sheria ya Ushindani ya mwaka 2003 inakataza upotoshaji wa namna hiyo. Tena nyongeza si mchezo: nakala halali ya mchezo wenyewe bado inahitajika, na kuipata kupitia Steam hutumia intaneti wakati wa kuiweka.

Hatari kubwa zaidi imo ndani ya flashi. Nyongeza ni programu, na programu mbaya yaweza kuharibu au kuiba chochote kilichomo kwenye kompyuta, zikiwamo hesabu za duka na picha za familia. Ukiambiwa uzime kwanza antivairasi, kataa. Ni kweli antivairasi hukosea mara nyingine, lakini atakayebeba hasara ni wewe.

Kabla ya kulipa, zima Wi-Fi au chomoa modemu, mchezo ufunguliwe upya mbele yako, ziongezwe boti tatu, kisha ramani ibadilishwe angalau mara mbili. Dakika kumi zinatosha. (Mzazi afahamu pia kwamba nchini Marekani mchezo huu umepangwa kwa wenye umri wa miaka 17 na zaidi.) Dai risiti inayotenganisha bei ya mchezo na malipo ya kazi. Kisipofanya kazi ulichoahidiwa, rudi kwa muuzaji na risiti hiyo; akikataa kukusikiliza, peleka malalamiko yako Tume ya Ushindani.