Kesi Yako Ifunguliwe Koti Gani?

Mtu akidhulumiwa huku kwetu Pwani, la kwanza huuliza wakili atataka pesa ngapi. La pili huuliza kesi itachukua muda gani. La tatu, ambalo lingefaa litangulie, wengi hawaliulizi kabisa: nikashtaki wapi?

Familia zetu zimetawanyika. Shamba liko Faza, warithi wako Mombasa, mmoja yuko Jeddah, na anayedaiwa kulivamia shamba anaishi Malindi. Kila mmoja angependa kesi iwe karibu naye. Lakini sheria haikuliacha jambo hili kwa matakwa ya mtu. Limeelezwa katika Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai, Sura ya 21 ya sheria za Kenya, kuanzia kifungu cha 11 hadi cha 18.

Tuanze na ardhi, maana ndiyo inayotugombanisha zaidi. Kifungu cha 12 chasema kesi ya kudai ardhi au nyumba, ya kugawana, ya rehani, au ya kutaka fidia kwa uharibifu wa mali hiyo, hufunguliwa mahali mali ilipo. Shamba la Msambweni halimfuati mwenyewe Mombasa, hata kama hatimiliki amelala nayo chini ya mto. Mali ikiwa imeingia katika maeneo ya koti mbili, kifungu cha 13 chakuruhusu uchague mojawapo. Upo mwanya mmoja: ikiwa unachotaka chaweza kupatikana chote kwa mdaiwa mwenyewe kutii amri, mfano kutia sahihi hati ya kuhamisha umiliki, basi waweza kumshtaki pia pale anapoishi.

Kuumizwa mwilini au kuharibiwa mali inayohamishika kuna kanuni yake katika kifungu cha 14. Hapo una hiari: ushtaki pale tendo lilipofanyika, au pale mdaiwa anapoishi, anapofanya biashara au anapofanya kazi. Sheria yenyewe imetoa mfano wa mkaazi wa Mombasa anayempiga mwenzake Nairobi. Aliyepigwa aweza kushtaki Nairobi au Mombasa. Vivyo hivyo, ukigongwa na gari Mariakani na mwenye gari anaishi Voi, koti ni ya Mariakani au ya Voi. Kuwa wewe ni mtu wa Lamu, na umelazwa Lamu, hakuifanyi kesi iwe ya Lamu. Hili ndilo linalowapotosha wengi: makaazi ya anayedai si kigezo.

Madeni na mikataba yamo katika kifungu cha 15. Waweza kumshtaki mdaiwa anapoishi au anapofanya kazi, au pale chanzo cha madai kilipotokea, chote au sehemu yake. Kwa mkataba, maana yake ni pale ulipofungwa, pale ulipotakiwa kutekelezwa, au pale pesa zilipotakiwa kulipwa. Kampuni nayo haiwezi kujificha nyuma ya makao makuu yake Nairobi. Ikiwa ina tawi Malindi na jambo lilitokea Malindi, hapo hapo yaweza kushtakiwa.

Kukosea kuna hasara gani? Mwaka 1989, katika kesi ya meli Lillian S, Mahakama ya Rufaa ilisema wazi kwamba mahakama isiyo na mamlaka haina budi kusimama, isiendelee hata hatua moja. Tena kuna kesi ya Uganda ya mwaka 1968, Kagenyi na Musiramo, ambayo majaji wa Kenya wameifuata mara nyingi: kesi iliyofunguliwa pasipo na mamlaka haihamishiki, kwa kuwa tangu mwanzo haikuwa kesi. Wapo majaji waliokubali kuhamisha badala ya kutupa, lakini haki yako si ya kuchezewa bahati nasibu.

Na wakati huo siku zinahesabika. Madai ya kuumizwa kwa uzembe yana miaka 3, ya mkataba miaka 6, ya kurudisha ardhi miaka 12. Kesi ikitupwa baada ya miaka 3, aliyevunjika mguu hawezi tu kwenda koti ya pili na kuanza upya.

Mdaiwa naye asikae kimya. Kifungu cha 16 chasema pingamizi la mahali pa kushtaki halisikizwi kwenye rufaa ila liwe lilitolewa katika koti ya kwanza, na iwe haki imepotea kwa sababu hiyo.

Mahali pia si kila kitu. Kesi hufunguliwa koti ya ngazi ya chini kabisa inayoweza kuisikiza. Koti ya Madai Madogo haipiti shilingi milioni 1, nao mahakimu wana viwango vyao, milioni 5 hadi 20 kulingana na cheo. Kadhi husikiza ndoa, talaka na mirathi ya Waislamu. Mzozo wa shamba la kununuliwa si wake, hata ofisi yake ikiwa mkabala na shamba hilo.

Basi kabla hujalipa ada ya koti, jiulize matatu: nadai nini, jambo lilitokea au mali iko wapi, na ninayemdai anakaa wapi? Mpelekee wakili majibu hayo siku ya kwanza, umuulize kwa nini amechagua koti aliyoichagua.