Sheria ilimwacha, dhamiri haikumwacha



Wapendwa wasomaji, miaka ile nilipokuwa paroko kwa mara ya kwanza, bibi mmoja alinisubiri nje ya kanisa baada ya Misa ya asubuhi. Alikuwa na swali dogo: mahindi tuliyotoa wakati wa mavuno kwa ajili ya wagonjwa yamekwenda wapi? Jibu nilikuwa nalo. Halmashauri ya parokia ilikaa, akidi ikatimia, ikakubaliwa magunia yauzwe ili gari la parokia litengenezwe. Muhtasari upo, sahihi zipo. Nikamweleza yote hayo. Akanisikiliza mpaka mwisho, akasema, "Haya Baba, asante," akaenda zake.

Ile asante ilininyima usingizi. Usiku huo nikamkumbuka mzee ambaye hakupata kuishi duniani, Mchungaji Septimus Harding. Nilikutana naye seminarini, katika kitabu cha Kiingereza kilichokwisha kuanza kuliwa na wadudu. Ni riwaya ya Anthony Trollope, The Warden, yaani Msimamizi, iliyotoka mwaka 1855, enzi za Malkia Victoria. Trollope hakuwa mchungaji. Alikuwa mtumishi wa Posta ya Uingereza, na kazi hiyo ilimzungusha vijijini na katika miji midogo. Jioni moja ya kiangazi, akitembea karibu na kanisa kuu la Salisbury, ndipo wazo la hadithi hii lilipomjia.

Harding ni mchungaji wa Kianglikana katika mji wa kubuni uitwao Barchester. Ni mpole, mpenda muziki, naye hupiga selo, lile zeze kubwa la Wazungu. Amekabidhiwa nyumba ya kutunzia wazee 12, iliyoachwa kwa wosia na tajiri mmoja wa sufu, John Hiram, aliyefariki mwaka 1434. Karne zimepita na ardhi ya wosia imepanda thamani. Kila mzee anapata makazi na shilingi moja na peni nne kwa siku. Msimamizi anapata nyumba nzuri na pauni 800 kwa mwaka. Ukipiga hesabu, mtu mmoja anachukua zaidi ya mara mbili ya posho ya wazee wote 12 wakijumlishwa.

Lakini Harding si mwizi. Hivyo ndivyo alivyoikuta kazi. Tena ana huruma: amewaongezea wazee peni mbili kwa siku kutoka mfukoni mwake. Anawapenda, nao wanamheshimu.

Ndipo kijana tabibu, John Bold, anapouliza: je, marehemu alikusudia hivi? Anafungua kesi. Gazeti kubwa la London linamwanika Harding kana kwamba ni mnyang'anyi. Upande wa pili mkwe wake, Shemasi Mkuu Grantly, anasimama kidete kutetea mali ya Kanisa. Huyu Grantly hana mashaka hata chembe. Kwake swali ni moja tu: tutashinda?

Na wanashinda. Wanasheria wanagundua kwamba walioshtakiwa sio waliostahili kushtakiwa, na Bold mwenyewe, anayempenda binti wa Harding, anaiondoa kesi. Yamekwisha. Lakini Harding amekwenda London peke yake. Anashinda ndani ya Westminster Abbey akijificha mkwe wake asije akamzuia, na usiku anaonana na Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Anaambiwa hakuna tena cha kuogopa. Yeye anauliza kitu kingine kabisa: fedha hizi, kwa haki, ni zangu? Bingwa yule wa sheria hana jibu la swali la namna hiyo. Basi Harding anatangaza kwamba anajiuzulu, na huku akisema, mikono yake inapiga selo isiyokuwepo. Anaondoka katika nyumba nzuri, anahamia vyumba vya kupanga, anapewa kanisa dogo lenye kipato kidogo.

Ndugu zangu, hadithi ingeishia hapo ingekuwa mahubiri mepesi. Trollope hakuturuhusu. Wazee walioahidiwa na wachochezi pauni 100 kila mmoja hawakupata hata senti. Zile peni mbili zikakoma. Askofu hakumteua msimamizi mwingine. Wazee wakafa mmoja mmoja bila rafiki wa kukaa nao kitandani, bustani ikaota magugu. Watetezi wa haki walikuwa wamekwisha kugeukia habari nyingine. Watetezi wa Kanisa nao walikuwa wamekwisha kulinda walichotaka kulinda. Katika kelele zile zote, ni nani aliyeketi na wazee akawauliza wanahitaji nini?

Hapo ndipo mimi hujifunza mara mbili. Kwanza, "nimefuata utaratibu" ni utetezi mbele ya wakaguzi. Mbele ya Mungu ni mwanzo tu wa mazungumzo. Zakayo hakuburuzwa mahakamani, na serikali ya Kirumi ilikuwa upande wake. Alisimama mwenyewe nyumbani kwake akataja hesabu. Samweli naye, akiwa mzee mwenye mvi, aliwaita watu washuhudie kama aliwahi kumdhulumu yeyote. Hakungoja kuulizwa.

Pili, dhamiri safi haitoshi kama maskini anabaki na njaa yake. Harding alijiondoa katika dhuluma, lakini dhuluma haikumwondokea mzee aliyekuwa kitandani. Kutubu ni kuacha kuchukua. Kurudisha ni hatua nyingine, nayo ndiyo ngumu.

Jumapili iliyofuata nilisimama mbele ya waamini nikasema kwamba mahindi yale yalitolewa kwa ajili ya wagonjwa na kwamba mimi, mwenyekiti wa kikao, nilikosea. Magunia yakarudishwa baada ya miezi mitatu. Njaa ya miezi ile mitatu sikuweza kuirudisha.

Wiki hii, wewe unayeshika mfuko wa jumuiya, wa kwaya, wa vikoba au wa ukoo, usiulize tu kama risiti zipo. Uliza fedha hiyo ilitolewa kwa ajili ya nani, kisha nenda nyumbani kwake ukamtazame usoni. Na siku bibi mmoja akikusubiri mlangoni na swali dogo, usikimbilie muhtasari.

Mungu atujalie dhamiri isiyolala, na miguu ya kuifuata. Nawatakia Dominika njema.