Herufi Moja Katika Milioni 23

Kabla mitambo ya kuchapa haijaenea Lamu, Pate na Mombasa, utenzi ulisafiri kwa mkono wa mnakili. Mtu alikaa na kalamu na wino wake, akaandika ubeti mmoja baada ya mwingine kwa herufi za Kiarabu, na nakala yake ikanakiliwa na mwingine, na ya huyo ikanakiliwa na wa tatu. Kila mkono uliteleza mahali pake. Huyu kaacha nukta, yule kabadili neno, mwingine karuka ubeti mzima. Wataalamu waliokuja kuzihariri tenzi hizo walizitandaza nakala mezani bega kwa bega, wakayafuata makosa. Nakala mbili zikiwa na kosa moja linalofanana, huenda ni bahati tu. Zikiwa na makosa kumi yale yale, katika beti zile zile zinazofuatana, basi zimetoka kwenye mkono mmoja.

Kiumbe hai nacho ni mnakili. Kila seli inapogawanyika, DNA yake hunakiliwa upya, na DNA ni maandishi ya herufi 4 tu: A, C, G na T. Humo nako mkono huteleza. Sayansi ya kuyasoma maandishi hayo kwa kompyuta, kuyalinganisha na kuyafuata makosa yake ndiyo bioinfomatiki. Ningeweza kuieleza kwa saratani, kwa mbegu za mahindi au kwa virusi vya korona. Nimechagua malaria, kwa sababu kisa chake kinaendelea sasa hivi, na kinaendelea kwetu.

Tanzania iliachana na klorokwini kama dawa ya kwanza ya malaria mwaka 2001 na kuhamia dawa nyingine iitwayo SP. Mwishoni mwa 2006 ikahamia ALu, ambayo wengi wetu tunaiita mseto. Jina hilo limekaa sawasawa, maana ndani ya kidonge kimoja mna dawa mbili. Moja ni ya ukoo wa artemisinini, kemikali ya mmea iliyogunduliwa China miaka ya 1970 na kumpatia Tu Youyou Tuzo ya Nobel mwaka 2015. Hii huwahi na kupiga kwa nguvu, kisha hutoka mwilini upesi. Ya pili, lumefantrini, hubaki kwenye damu kwa siku kadhaa ikivimaliza vimelea vilivyosalia. Lakini mseto ulikuwa haujazoeleka vizuri Afrika wakati habari mbaya zilipoanza kutoka magharibi mwa Kambodia: kwa wagonjwa waliopewa artemisinini, vimelea vilichukua muda mrefu kuliko kawaida kwisha kwenye damu. Kitu kilikuwa kimebadilika ndani ya kimelea. Kitu gani? Hadubini haikuweza kujibu, kwa sababu kimelea kilichoanza kuwa sugu na kile kinachokufa upesi hufanana kabisa chini ya kioo.

Jibu lilipatikana kwa njia ninayoiona kuwa mojawapo ya kazi nzuri kabisa za sayansi hii, na Mtanzania anayo sababu ya ziada ya kuijua. Watafiti wa Ufaransa walikuwa na kimelea cha malaria kiitwacho F32, chenye asili ya Tanzania, wakikikuza maabara. Uzao wake wakautenga makundi mawili. Kundi la kwanza walilitia artemisinini kwa miaka 5, mizunguko 125 ya kutiwa dawa, wakiongeza kipimo cha dawa kidogo kidogo. La pili lilikuzwa muda wote huo bila kuonja dawa. Mwishoni, kundi la kwanza likawa linastahimili artemisinini. Wakasoma jenomu za makundi yote mawili, yaani maandishi yote ya DNA zao, wakazilinganisha. Katika herufi zipatazo milioni 23 walibaki na mabadiliko 8, ndani ya jeni 7. Kisha wakachukua vimelea vya wagonjwa wa Kambodia wakatafuta ni ipi kati ya jeni hizo iliyobadilika kwa vile vinavyochelewa kufa. Ikajitokeza moja, kwenye kromosomu ya 13. Inaitwa K13. Matokeo yalitoka katika jarida la Nature Januari 2014, na tangu hapo dunia ina kitu cha kutazama.

Nataka msomaji aupime uzito wa kazi hiyo. Ukisoma herufi moja kila sekunde, usiku na mchana bila kulala, herufi milioni 23 zitakuchukua siku 266, na hapo umesoma jenomu moja mara moja tu. Tena mashine ya kusoma DNA haisomi kutoka mwanzo hadi mwisho kama sisi. DNA hukatwa vipande, na mashine nyingi husoma kila kipande kwa urefu wa herufi 150 hivi, vipande mamilioni kwa mamilioni, bila kujua kipi kilitangulia kipi. Ni kama nakala mia za utenzi mmoja zilizochanwa vipande vya maneno matatu matatu na kuchanganywa kwenye gunia. Programu ya kompyuta ndiyo inayokichukua kila kipande na kukitafutia mahali pake. Na kwa kuwa mashine nayo hukosea, kila mahali hufunikwa na vipande vingi. Herufi ngeni ikionekana katika kipande kimoja kati ya hamsini, huenda mashine imeteleza. Ikionekana katika vyote hamsini, kimelea ndicho kilichobadilika.

Vipande hupangwa kwa kufuata jenomu ya kielelezo, na ya malaria ina historia ya ajabu. Ilitokana na damu ya mgonjwa aliyekuwa akiishi karibu na uwanja wa ndege wa Schiphol, Uholanzi, ambaye hakuwa amesafiri nchi zenye malaria. Inaaminika mbu alimfikia kwa ndege. Jenomu hiyo ilichapishwa mwaka 2002: kromosomu 14, jeni zinazokaribia 5,300. Ilichukua miaka, na ugumu mmojawapo ulitokana na maandishi yenyewe, kwani takriban asilimia 80 ya herufi zake ni A na T. Mistari inafanana mno. Kipande kimoja cha karatasi kinaweza kuonekana kinafaa mahali ishirini.

Sasa toka maabara ya Ulaya uje kwenye zahanati. Sampuli huanza na kidole kilichochomwa na tone la damu lililokaushwa kwenye karatasi chujio. DNA nyingi katika tone hilo ni ya mgonjwa mwenyewe, kwa hiyo kazi ya mwanzo ni kuitenga na kuiondoa, kwa ajili ya usafi wa data na kwa ajili ya siri ya mwenye damu. Zaidi ya hayo, mahali penye malaria nyingi, mtu mmoja hubeba aina kadhaa za vimelea kwa wakati mmoja. Vipande vya tenzi tofauti vimo kwenye gunia moja. Programu hukadiria ziko ngapi na kwa uwiano gani, na hapa ndipo mtaalamu mzuri anapojulikana. Kompyuta haikatai kujibu. Uipe sampuli iliyochafuka, uiulize swali lisilofaa, nayo itakuchorea jedwali safi lenye desimali nne. Anayejua baiolojia ya kimelea ndiye atakayelitazama jedwali hilo na kusema hapana, hili haliwezekani.

Mfano upo hapa hapa kwenye K13. Badiliko mojawapo linaloonekana sana barani Afrika kwenye jeni hiyo huitwa A578S. Mtu mwenye haraka angepiga mbiu ya hatari. Lakini vimelea vyenye badiliko hilo hufa kwa artemisinini kama vingine. Si kila kosa la mnakili hubadili maana ya ubeti.

Wazo la kulinganisha herufi za uhai kwa kompyuta si la jana. Margaret Dayhoff, Mmarekani, alichapisha mwaka 1965 kitabu kilichokusanya mpangilio wa protini 65, na ndiye aliyezipa asidi amino, vipande vinavyounda protini, alama za herufi moja moja ili zisijaze nafasi bure. Neno lenyewe la bioinfomatiki liliundwa na Paulien Hogeweg na Ben Hesper wa Uholanzi mwaka 1970, na walikusudia jambo kubwa kuliko chombo cha kazi: kuchunguza jinsi viumbe vyenyewe vinavyohifadhi na kuchakata habari. Mwaka 1990 ikaja BLAST, programu inayokuwezesha kuchukua mfuatano usioujua na kuuliza kanzidata nzima ya dunia kama ina ndugu yake. Ni kwa ulinganishi wa aina hiyo K13 ilipoanza kueleweka. Hakuna aliyejua kazi yake ndani ya kimelea, lakini mfuatano wake ulikuwa na undugu na protini ya binadamu iitwayo KEAP1, ambayo umbo lake linajulikana, lenye mapanga sita kama ya feni. Mabadiliko yanayoleta usugu mengi yamejikusanya kwenye mapanga hayo. Baadaye ilionekana kwamba K13 inahusika na jinsi kimelea kinavyomeza himoglobini ya damu yetu. Artemisinini huwashwa na chuma kinachotoka kwenye himoglobini hiyo, hivyo kimelea kinachomeza kidogo huiwasha dawa kidogo.

Mwaka 2020 zikatoka habari za Rwanda. Katika sampuli za wagonjwa zilizokusanywa kati ya 2012 na 2015, watafiti walikuta badiliko la R561H kwenye K13: mahali pa 561 pa protini, asidi amino iitwayo aginini imepisha histidini. Kwa DNA ni herufi moja tu, G iliyogeuka A. Huko Masaka, Rwanda, lilikuwa kwenye asilimia 7.4 ya sampuli.

Swali la kwanza lililomjia kila mtu lilikuwa: limetoka wapi? Afrika ina sababu ya kuuliza hivyo. Usugu wa klorokwini ulianzia Asia ya Kusini-Mashariki, ukaingia Afrika Mashariki mwishoni mwa miaka ya 1970, na miaka iliyofuata watoto wengi walizikwa kabla dawa haijabadilishwa. Usugu mkubwa wa SP nao ulifuata njia hiyo hiyo ya kutoka Asia. Na R561H ilikuwa imeshaonekana Asia. Je, ni mgeni tena?

Hapa kumbuka wale wahariri wa tenzi. Badiliko lenyewe halikwambii asili yake, kwa sababu wanakili wawili wasiojuana wanaweza kukosea neno lile lile. Unatazama beti zilizo jirani. Watafiti walitazama herufi zinazoizunguka K13 pande zote, na jenomu nzima, wakazilinganisha na za vimelea vya Asia. Hazikufanana. Ujirani wote ulikuwa wa Kiafrika. R561H ya Rwanda ilizaliwa Rwanda.

Kwa maoni yangu, hakuna matokeo ya utafiti wa malaria ya miaka hii yaliyo mazito kuliko hayo. Yana maana kwamba hakuna mpaka wa kufunga wala abiria wa kulaumiwa. Kimelea chetu wenyewe, kwa shinikizo la dawa tunazotumia wenyewe, kimeanza kujifunza. Mwaka 2021 ikaripotiwa kaskazini mwa Uganda kuwa mabadiliko mengine, A675V na C469Y, yanaambatana na vimelea kuchelewa kufa. Kisha Kagera. Uchunguzi wa kijenetiki ulioongozwa na Taasisi ya Taifa ya Utafiti wa Magonjwa ya Binadamu, NIMR, ulionyesha R561H kwenye takriban asilimia 8 ya sampuli za mkoa huo za mwaka 2021, na kwa kiwango kikubwa zaidi wilayani Karagwe. Mseto bado unaponya, kwa kuwa lumefantrini ingali inafanya kazi yake. Lakini dawa moja ikilegea, mzigo wote humwangukia mwenziwe.

Kuna hesabu moja inayonikosesha raha. Sampuli za Rwanda za mwisho zilichukuliwa 2015, na dunia ikasoma habari zake 2020. Ndani ya damu ya binadamu, kimelea cha malaria hukamilisha mzunguko wake kila saa 48. Miaka 5 ni mizunguko zaidi ya 900 ya kujinakili. Kasi yetu ya kusoma haitoshi, na haitatosha iwapo sampuli lazima zisafiri hadi bara jingine kusomwa na watu ambao hawajawahi kuiona Karagwe.

Mashine si kikwazo kikubwa tena. Siku hizi ipo ya kusoma DNA inayoingia mfukoni na kuchomekwa kwenye kompyuta ya mkononi. Maarifa nayo yameanza kujengeka: mtandao wa H3ABioNet, ulioanza 2012, umefundisha wataalamu katika nchi nyingi za Afrika, na maabara za Kilifi, Kenya, zilisoma jenomu za virusi vya korona pale pale pwani wakati wa janga. Wanaokosekana ni watu, nao hatuwalei inavyopasa. Shuleni kwetu kijana anayependa viumbe huelekezwa mchepuo mmoja, anayependa hisabati na kompyuta huelekezwa mwingine, na milango ikishafungwa ni vigumu kufunguka. Bioinfomatiki inamtaka mtu mmoja mwenye mapenzi yote mawili. Mwalimu unayesoma makala haya, ukiwa na mwanafunzi wa namna hiyo, usimlazimishe kuchagua mapema.

Nawe ukiugua homa, pima kwanza. Ukikutwa na malaria ukapewa mseto, meza dozi zote 6 kwa siku 3, hata kama homa imeshuka siku ya kwanza. Na siku mtaalamu wa maabara atakapokueleza utafiti wake na kukuomba tone moja zaidi la damu kwenye kipande cha karatasi, muulize maswali yako yote, kisha mpe.