Kwa Nini Ngozi Iliyotiwa Chumvi Bado Ni Ngozi Mbichi

Katika vikao vya wanachama huku Bonga na vijiji vya jirani, swali moja limekuwa likirudi tena na tena. Ikiwa chama kina ghala, na wanachama wake wanachinja ng'ombe na mbuzi kila juma, kwa nini chama kisisindike ngozi zake chenyewe badala ya kuziuza mbichi kwa bei ndogo? Swali hilo ni halali, na halmashauri za vyama hazina budi kulijibu. Lakini kabla ya kupitisha fedha za wanachama kwa ununuzi wa dawa na mapipa, yafaa ieleweke dawa hiyo hufanya kazi gani ndani ya ngozi, na ni kazi gani haiwezi kuifanya kamwe.

Ngozi ya mnyama, baada ya kuondolewa manyoya na mafuta, ni nyuzi za protini iitwayo kolajeni. Protini hiyo ndiyo iliyo katika kano na mifupa. Kila mtu aliyekunywa supu ya makongoro anaifahamu, hata kama hakupata kulisikia jina lake. Makongoro huchemshwa kwa saa nyingi, nyuzi zake zikalegea na kuyeyuka, na supu ikipoa usiku hushikamana kama gundi. Ngozi mbichi nayo hufanya vivyo hivyo. Ikiwa imelowa, katika joto la digrii 60 hadi 65 hivi za Sentigredi hujikunja ghafla na kusinyaa, na ikiendelea kuchemka huishia kuwa gundi. Katika maji ya kawaida haiyeyuki, lakini huliwa na bakteria, na kazi hiyo huanza saa chache tu baada ya mnyama kufa.

Hapa ndipo chumvi inapoingia. Chumvi huvuta maji kutoka katika ngozi, na bakteria wengi hawawezi kuishi pasipo maji. Kukausha ngozi kivulini, ikiwa imewambwa kwenye fremu, hutimiza jambo lile lile kwa njia nyingine. Lakini chumvi haijibadilishi kuwa sehemu ya ngozi. Itumbukize ngozi hiyo katika maji safi, chumvi itatoka, maji yatarudi, na utakuwa na ngozi mbichi kama siku ile ilipochunwa, tayari kuoza. Chumvi ni mlinzi wa muda tu.

Kusindika ni jambo jingine kabisa. Chukueni mfano wa ukuta wa fito. Fito zikisimamishwa bila kufungwa, mtoto aweza kuzisukuma zikalala. Fito zile zile zikikingamishwa na kufungwa kamba kila zinapokutana, hata mvua ikirowesha udongo, ukuta husimama. Nyuzi za kolajeni ndizo fito. Dawa ya kusindika ndiyo kamba: molekuli zake huingia kati ya uzi na uzi na kuzishika pande zote mbili. Wataalamu huziita dawa hizo viunganishi, au dawa za kufungamanisha. Nyuzi zilizofungamanishwa hazipati nafasi ya kulegea katika joto, na bakteria hawapati mlango wa kuzitafuna.

Kamba hizo ni za namna nyingi. Ya kale zaidi ni tanini, iliyomo katika magome na matunda ya miti. Magome ya mikoko ya pwani yetu, kuanzia Lamu hadi Rufiji, yalisafirishwa ng'ambo kwa ajili hiyo. Huko Njombe, mwaka 1949, ilianzishwa kampuni ya Tanganyika Wattle kupanda miwati, mti wenye asili ya Australia, ili kukamua tanini ya magome yake. Tanini hushika nyuzi kwa vifungo vidogo vidogo vingi, kila kimoja kikiwa dhaifu, lakini vyote kwa pamoja vikiwa imara. Ngozi yake huwa nene, ya kahawia, na hustahimili joto la digrii 75 hadi 85 hivi.

Kamba ya pili ni chumvi ya madini ya kromi. Njia ya kibiashara ya kuitumia ilipewa hataza huko Marekani mwaka 1884, kwa jina la Augustus Schultz, na leo ngozi nyingi duniani husindikwa kwa kromi. Vifungo vyake ni vya nguvu kupita vya tanini. Ngozi hutoka na rangi ya samawati, kazi huchukua siku chache, na ikisindikwa barabara hustahimili hata maji yanayochemka.

Katika njia zote mbili fundi asiyejua kiini cha mambo hukosea mahali pale pale. Akitia ngozi moja kwa moja katika maji makali ya gome, tanini hufungamanisha uso wa ngozi kwanza na kujizibia njia. Nje ngozi huonekana imeiva, ndani imebaki mbichi. Ndiyo maana wazee wa kazi hii huanza na maji hafifu yaliyokwisha kutumika, kisha wakayaongeza ukali hatua kwa hatua kwa majuma kadhaa. Kwa kromi, ngozi hutiwa kwanza katika asidi na chumvi ili dawa ipenye bila kushika. Ikiisha kufika katikati, ndipo asidi hupunguzwa kwa magadi ya kiwandani, na kamba hukaza.

Kanuni hii haiishii kwenye ngozi. Wengi wetu tumevaa katambuga za tairi. Utomvu wa mpira, kama ule wa mashamba ya Muheza, ukigandishwa bila dawa hunata wakati wa joto na kukakamaa wakati wa baridi. Mwaka 1839 Charles Goodyear wa Marekani aligundua kwamba mpira ukipashwa joto pamoja na salfa hubadilika kabisa, kwa kuwa salfa hufunga minyororo ya mpira mmoja kwa mwingine. Kiwanda cha matairi cha Arusha kilifanya kazi kwa kanuni hiyo mpaka uzalishaji uliposimama mwaka 2009. Ndoo ya plastiki iliyopasuka huzibwa kwa chuma cha moto, kwa kuwa minyororo yake haikufungwa. Tairi haliyeyuki, huungua tu. Nywele nazo zina vifungo vya salfa vya asili, na chokaa ikichanganywa na salfaidi ya sodiamu huvikata. Ndivyo ngozi inavyonyonyolewa manyoya bila kolajeni yake kudhurika sana.

Ziko pia dawa za jamii ya aldehaidi. Moja yake, glutaraldehaidi, hutumiwa kufungamanisha utando wa moyo wa ng'ombe ili utengenezwe vali za kupandikizwa katika moyo wa binadamu. Nyingine ni formalini. Kwa hiyo nasema wazi kwa vyama vya maziwa: anayetia formalini katika maziwa ili yasichachuke anafungamanisha protini za chakula cha watoto kwa dawa ya kuhifadhia maiti. Ni sumu, na tangu mwaka 2004 wakala wa utafiti wa saratani wa Umoja wa Mataifa umeihesabu formaldehaidi, ambayo ndiyo kiini cha formalini, miongoni mwa visababishi vya saratani.

Sasa tulirudie ghala. Dawa yoyote ya kufungamanisha hufunga nyuzi zilizopo. Haiumbi zilizokwisha kuliwa. Tundu la kisu, kovu la chapa iliyopigwa ubavuni badala ya mguuni, alama za kupe, vyote hubaki. Lakini kasoro inayovigharimu vyama vyetu zaidi ni ile isiyoonekana. Ngozi iliyotandazwa chini juani hukauka haraka nje, ilhali ndani bado ina maji. Joto likiipata katika hali hiyo, sehemu ya nyuzi hugeuka gundi, au bakteria hula tabaka la kati. Katibu huipokea ikiwa kavu na nzuri, huiandika daraja la kwanza, na mwanachama hulipwa. Kiwandani, ngozi inapolowekwa, malengelenge hujitokeza na tabaka huachana. Mnunuzi hukata fedha, na chama chote hubeba hasara ya mtu mmoja. Katika ukaguzi nimeona vitabu ambamo hasara ya namna hii imeandikwa "punguzo la mnunuzi" bila maelezo zaidi. Neno hilo halimwambii mwanachama lolote.

Kwa maoni yangu, basi, chama kinachotaka kusindika kianze na ngozi chache za mbuzi na kwa magome. Sisemi hivyo kwa kuidharau kromi. Kromi hudai vipimo vya asidi, ngoma za kuzungusha, na zaidi ya yote mahali pa kutibu maji machafu. Mji wetu una Ziwa Babati, na wako watu wanaoishi kwa samaki wake. Sheria ya Mazingira ya mwaka 2004 haimruhusu mtu kumwaga maji ya namna hiyo ovyo. Maji ya magome nayo si safi, yasielekezwe mtoni, lakini shimo dogo lililosimamiwa vema laweza kuyamudu.

Kwa vyama vitakavyoendelea kuuza mbichi, chumvi ipakwe siku ile ile ya kuchinja, kiasi cha theluthi moja ya uzito wa ngozi. Kwa ngozi ya kilo 24 ni kilo 8. Daftari la mapokezi liwe na safu ya saa ya kuchinja na safu ya namna ya kukausha, kando ya safu ya daraja.

Na vyama vitakavyonunua ngozi iliyosindikwa kwa ajili ya mafundi wa viatu, vikate ukingo na kuutazama. Mstari mweupe katikati maana yake dawa haikufika. Ikiwa muuzaji asema ni ya kromi, kata kipande kidogo, chora mipaka yake kwenye karatasi, kichemshe kwa dakika tatu, kisha kirudishe juu ya mchoro. Kikiwa kimesinyaa sana, shehena isipokewe, na kipande hicho kihifadhiwe pamoja na mchoro wake katika jalada la ununuzi, kikiwa na tarehe na sahihi za mashahidi wawili.