Mjue Mwandishi, Urudie Kitabu (Sehemu ya Pili)

Wiki iliyopita tuliishia Kusadikika, nchi ile ya angani ambako Karama anashtakiwa kwa kutaka kufundisha uanasheria. Wengi wetu tuliisoma shuleni, tukakariri majina ya wajumbe sita kwa ajili ya mtihani, kisha tukafunga kitabu. Leo tukifungue tena, ila tuanze na aliyekiandika.

Shaaban Robert alizaliwa Vibambani, Tanga, mwaka 1909, na mwaka 1926 akaanza ukarani wa forodha. Kusadikika ilipotoka mwaka 1951 bado alikuwa karani wa serikali ya kikoloni. Riziki yake ilitoka kwa watawala walewale ambao wahakiki wengi wanawaona nyuma ya pazia la hadithi. Ukilijua hilo, huulizi tena kwa nini nchi yake inaning'inia hewani. Ardhini palikuwa na mwajiri.

Kisha zipo barua. Tangu 1931 hadi 1958 alimwandikia ndugu yake, Yusuf Ulenge, naye akazitunza. Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ikazichapa mwaka 2002. Vitabuni tumezoea Shaaban anayeasa na kuonya. Kwenye barua tunakutana na mtu wa nyumbani, mwenye jamaa wa kuwajali na maandishi ya kuyahangaikia.

Au chukua shairi la "Amina". Lisome kwanza lenyewe, uhesabu vina na mizani ukipenda. Halafu soma katika Maisha Yangu jinsi alivyofiwa na mkewe, ndipo ulirudie. Safari hii utamsikia mgane.

Tahadhari moja: Karama si Shaaban. Maisha ya mwandishi ni taa ya kumulikia kitabu. Anayeyageuza kuwa jibu la kila swali amekwisha acha kusoma.

Njia hii ya kuifikia kazi kupitia maisha ya mwenyewe, Shaaban naye aliipita. Sauti ya mwimbaji Siti binti Saad ilikuwa kwenye santuri, na yeyote angeweza kuisikiliza akaridhika. Yeye alimwendea Unguja, akamsikiliza akisimulia maisha yake, na kutokana na hayo tukapata Wasifu wa Siti Binti Saad.

Siti alifariki mwaka 1950. Waandishi unaowapenda walio hai, wasikilize redioni, hudhuria mihadhara yao, waulize. Usingoje tanzia.